Kitabu Kinachokosekana Rungwe

Mimea ya Rungwe imeandikwa sana, ila imeandikwa mbali na Rungwe. Kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, Mjerumani Adolf Stolz, aliyekaa Kyimbila karibu na Tukuyu, alikusanya mimea kwa wingi, akaikausha na kuipeleka Ulaya. Mwaka 1915 mtaalamu Rudolf Schlechter alichapisha maelezo ya okidi hizo, na jenasi moja hata leo yaitwa Stolzia. Ni vigumu kuamini kwamba Stolz alizunguka milima ile bila mwenyeji wa kumwongoza. Lakini hakuna jenasi yenye jina la mwongozaji.

Machi 1943 hebaria ya Berlin, yaani ghala ya mimea mikavu, iliteketea kwa mabomu. Vielelezo vingi vilipotea. Wataalamu wakalazimika kutegemea nakala zilizokuwa zimegawiwa kwenye hebaria nyingine.

Upande wa utamaduni nao una vitabu vyake. Fülleborn alieleza nchi na watu wa huku mwaka 1906. Godfrey na Monica Wilson walifanya utafiti kwa Wanyakyusa kati ya 1934 na 1938, na katika vitabu vya Monica vya 1957 na 1959 mgomba si chakula tu, bali una maana yake katika mila. Kwa upande mwingine, kazi kubwa ya kuorodhesha mimea ya Afrika Mashariki, iliyoanza kuchapwa 1952 na kumalizika 2012, ina aina zaidi ya 12,000. Vitabu hivi havisemezani. Mtaalamu wa mimea mara nyingi haulizi mwanzi ulisukwaje hata ukawa ukuta wa nyumba. Naye mwandishi wa mila haelezi kila mara ni mwanzi wa aina gani. Tena vyote vi katika Kijerumani, Kilatini au Kiingereza, na mwanafunzi wa Tukuyu hawezi kuviona kwa urahisi.

Yapo mafanikio yasiyostahili kupuuzwa. Kitabu cha miti yenye manufaa Tanzania, cha 1994, kinataja majina ya miti kwa lugha za makabila. Na 1996 ilitoka kamusi ya Felberg ya Kinyakyusa. Hata hivyo kamusi haionyeshi jani.

Kitabu kinachohitajika chaweza kuanzishwa na shule za sekondari zenyewe: jani lililokaushwa, jina lake kwa Kinyakyusa, Kiswahili na Kilatini, matumizi yake, mchoro wake, na jina la mzee aliyeeleza, akiridhia. Nakala moja ibaki shuleni, nyingine iende Hebaria ya Taifa, Arusha. Watasema wengine kwamba wanafunzi watakosea majina ya Kilatini. Watakosea, bila shaka. Lakini kosa lililoandikwa kando ya jani lenyewe hurekebishwa na mtaalamu hata baada ya miaka hamsini. Jina la Kinyakyusa lililozikwa na mwenyewe halirekebishwi na yeyote.

Tahadhari moja ni ya lazima. Viazi vya okidi vimechimbwa mno katika nyanda hizi na kuuzwa Zambia kwa chakula, na shule zisiongeze madhara hayo. Mimea iliyomo katika hifadhi za Mlima Rungwe na Kitulo isichumwe bila kibali; ichorwe papo hapo kwa penseli, na mwalimu wa sanaa afuatane na mwalimu wa elimuviumbe.