Mwigizaji wa Hollywood na bongo wa Mlima Kenya

Waulize wanafunzi wa Nyeri au Karatina ni mwigizaji yupi wa Hollywood aliyehusisha jina lake na Mlima Kenya, na aghalabu utajibiwa kwa kimya. Kimya hicho ndicho kilichonifanya nishike kalamu.

Stefanie Powers alizaliwa Hollywood, Marekani, tarehe 2 Novemba 1942, katika ukoo wenye asili ya Poland. Jina lake la kuzaliwa, Stefania Zofia Federkiewicz, halikupata kubandikwa kwenye mabango ya sinema. Mwanzoni alijulikana kama Taffy Paul, kisha likaja hili tulijualo. Mwaka 1963 aliigiza pamoja na John Wayne katika McLintock!. Mwaka 1966 alipewa mfululizo wake mwenyewe wa televisheni, The Girl from U.N.C.L.E., nao ukakatizwa baada ya msimu mmoja tu. Enyi vijana wa tamasha za drama, yatieni haya maanani: ilipita zaidi ya miaka 10 ya kuigiza sehemu za kila namna kabla hajapata Hart to Hart, mfululizo ulioonyeshwa kuanzia 1979 hadi 1984 na kumpa sifa duniani.

Aliyemfungamanisha na Nanyuki alikuwa mwigizaji William Holden, ambaye naye hakuzaliwa na jina hilo, aliitwa Beedle. Holden na wenzake wawili walinunua hoteli ya Mawingo mwaka 1959 wakaigeuza kuwa Mount Kenya Safari Club. Baadaye, pamoja na Don Hunt, alianzisha ranchi ya wanyama kando yake. Alipofariki Novemba 1981, Powers, aliyekuwa mwandani wake kwa miaka mingi, angeweza kulia na kurejea kwenye kamera. Badala yake aliunda wakfu wa wanyamapori kwa jina la marehemu, na papo hapo Nanyuki kikajengwa kituo cha elimu ambapo watoto wa shule hufunzwa habari za misitu, maji na wanyama.

Najua kuna watakaoguna. Kilabu kile kilikuwa starehe ya matajiri, na wengi wetu tulikijua kwa kukitazama kutoka barabarani. Manung'uniko hayo yana haki yake. Hata hivyo, mtoto anayeketi katika darasa lile si tajiri, na somo analopewa linahusu mlima wa kwao.

Chukulieni bongo wa milimani. Porini hapatikani popote duniani ila Kenya, katika misitu kama ya Aberdare, Mau na Mlima Kenya, na waliosalia humo hawafiki 100. Mwaka 2004 bongo 18 waliozaliwa katika mbuga za Marekani walirejeshwa hapo Nanyuki ili wazaliane, na mwaka 2022 baadhi ya waliozalishwa huko wakaanza kuachiliwa katika hifadhi ya Mawingu mlimani. Je, ni wanafunzi wangapi wa Othaya au Mweiga, wanaoamka kila asubuhi wakiutazama msitu wa Aberdare, wanaoweza kumtambua mnyama huyu katika picha?

Simlaumu mgeni kwa kutufunza. Linalonikera ni kwamba ziara zetu za shule hupita njia ile ile ya Nairobi, kuangalia majumba marefu na uwanja wa ndege, ilhali Nanyuki haifiki kilomita 70 kutoka mjini Nyeri. Tena gharama ya mafuta ni ndogo mno. Walimu wakuu watakapoketi kupanga ziara za muhula ujao, na waandike Nanyuki juu kabisa ya orodha. Nao walimu wa drama, wanaohangaika kila mwaka kutafuta kisa kipya cha kupeleka jukwaani, wawaandae wanafunzi wao na daftari za kunakili watakayoyaona.