Nyumba Yenu Ina Ampea Ngapi?

Najua mtacheka. "Huyu naye! Hayo si mambo ya fundi?" Hata mimi nilisema hivyo mpaka likizo ya Agosti.

Jioni moja mama alikuwa amechomeka birika, dada anapiga pasi, na baba yuko bafuni chini ya shawa ya umeme. Pap! Giza. Jirani akaja na tochi, akatoa fyuzi iliyokatika, akaweka kipande cha waya mnene. Stima ikarudi, tukamkaribisha chai. Wiki iliyofuata tukanusa plastiki ikiungua. Tulipozima swichi kuu na kufungua soketi, ganda la nyaya lilikuwa limeyeyuka. Siku mbili zaidi, sijui ningekuwa naandika nini hapa.

Jamani, sisi wa Kidato cha Tatu tunakariri kwamba wati ni volti mara ampea, tunapata alama, tunafunga daftari. Nilipolifungua nyumbani nilishangaa. Swichi yetu kuu ni ya ampea 60. Kwa volti 240, hizo ni wati 14,400. Birika letu ni wati 2,000, pasi 1,000, shawa 5,000. Jumla 8,000. Kumbe nyumba ilikuwa na nafasi tele!

Shida ilikuwa laini moja. Aliyefunga shawa aliiunganisha na laini ya soketi ili asinunue waya mpya. Fyuzi ya laini hiyo ni ya ampea 15, yaani wati 3,600 tu, nasi tuliitwika ampea 33. Na mkondo ukiongezeka mara mbili, joto ndani ya waya huongezeka mara nne. Fyuzi ilikatika kwa sababu ndiyo kazi yake. Ukiweka waya mnene au msumari, kitakachoyeyuka ni nyaya za ukutani.

Nyumba mpya zina swichi ndogo zinazojikata. Huko nako watu huweka kubwa zaidi "zisisumbue". Ni yale yale.

Naona si haki kumlaumu jirani peke yake. Alitaka kutusaidia, na mwenye hesabu nyumbani nilikuwa mimi. Sasa shawa ina laini yake, ingawa baba bado analalamikia bei ya waya. Nimebandika karatasi kando ya fyuzi: "Soketi, mwisho wati 3,600." Dada husema karatasi hiyo inaharibu ukuta.