Korti Itakufungulia Jukwaa, Alama Haitakupa

Tuseme shule yenu imeigiza hadi ukumbi mzima ukasimama, kisha matokeo yanasomwa na hamuendi kitaifa. Lazima kuna mtu atasema, "Twendeni kortini!" Kabla mchange pesa za wakili, hebu tuangalie kesi za Butere Girls, maana ndizo kila mtu hutaja.

Mwaka wa 2013 mchezo wao, Shackles of Doom, ulizuiwa kufika kitaifa kwa madai kwamba ungechochea ukabila. Okiya Omtatah akaenda Mahakama Kuu, Jaji David Majanja akaondoa marufuku. Mwaka wa 2025, mambo ni yale yale: mwandishi ni yule yule, Cleophas Malala, mchezo ni Echoes of War, na korti tena ikaamuru waruhusiwe kuigiza. Lakini kilichofuata Nakuru unakijua. Malala alikamatwa. Aprili 10 wasichana waliingia ukumbini, wakaimba wimbo wa taifa, wakatoka, wakilalamika kwamba hawana mwelekezi wao, hakuna vifaa vya sauti, hakuna watazamaji. Polisi nao walikuwa wamerusha vitoa machozi. Na amri ya korti ilikuwepo!

Sasa angalia vizuri: kesi hizo hazikuhusu alama. Zilihusu kuzuiwa, na hapo Katiba iko wazi, Kifungu cha 33 kinalinda ubunifu wa kisanii. Lakini mwambie jaji wa korti kwamba kwaya yenu ilistahili 87, si 84. Atapima na nini? Hakuwa ukumbini, na hata angekuwepo, kazi yake si kusikiliza kama sauti ya tatu imeteleza.

Kule Kerala, kusini mwa India, njia hiyo wameijaribu sana. Tamasha lao la sanaa za shule ni kubwa ajabu, na ushindi umekuwa ukimwongezea mwanafunzi alama za mtihani. Kwa hivyo wazazi hukimbilia korti kupinga matokeo ya wilaya ili mtoto apenye ngazi ya jimbo. Orodha ya washindani inafura, ratiba inavurugika. Na mtoto wa mama mboga, ambaye hana wakili, je?

Mimi naona tupiganie karatasi kwanza. Kifungu cha 47 kinasema ukiumizwa na uamuzi wa kiutawala, una haki ya kupewa sababu kwa maandishi, na tamasha zetu ziko chini ya Wizara ya Elimu. Mwalimu wenu aandike barua siku hiyo hiyo, aitishe alama za kila mwamuzi na sababu zake. Ikitokea kwamba mwamuzi fulani ndiye aliyefunza shule iliyoshinda, hayo si mambo ya ladha tena, ni upendeleo, na upendeleo korti inaujua. Bila karatasi, utamwonyesha jaji nini, video ya TikTok?