Somo Limeeleweka

Naomba nianze kwa kukiri kosa, kwa kuwa makala hii inahusu makosa na namna tunavyoyaficha.

Miaka michache iliyopita, wakati wa mazoezi ya kufundisha, nilipanda bodaboda kutoka mjini Morogoro hadi shule moja ya msingi iliyo kwenye miteremko ya Uluguru. Nilikwenda kumtathmini mwalimu tarajali, kijana mtaratibu mwenye mwandiko mzuri, ambaye viatu vyake viling'aa licha ya tope la njiani. Kipindi chake cha Hisabati, Darasa la Nne, kilipangwa kuanza saa tatu kamili. Saa tatu kasoro robo alinikabidhi andalio la somo. Nililisoma kutoka juu hadi chini, na nilipofika mwisho, kwenye nafasi za tathmini na maoni, nikakuta zimekwisha kujazwa: "Somo limeeleweka. Wanafunzi wachache ambao hawakuelewa watasaidiwa."

Somo lilikuwa halijafundishwa.

Niliketi dawati la nyuma. Kijana alifundisha kugawanya kwa sauti nzuri, akitumia mifano ya machungwa na ndizi. Kila alipomaliza hatua aliuliza, "Tumeelewana?" na darasa likajibu kwa pamoja, "Ndiyo, mwalimu!" Pembeni yangu alikaa binti mdogo aliyeitikia kwa sauti kuliko wenzake. Nilichungulia daftari lake. Alikuwa amenakili kila kilichokuwa ubaoni, tarehe, kichwa cha somo, hata mstari uliochorwa chini ya kichwa. Maswali matano aliyopewa aliyanakili pia, yote matano, kisha akaweka kalamu chini. Hapakuwa na jibu hata moja.

Kosa langu ni hili: sikusema kitu. Wingu lilikuwa limetanda mlimani, bodaboda alikuwa ananisubiri, na nilikuwa na shule nyingine ya kufika kabla ya mchana. Katika fomu yangu kulikuwa na kipengele kinachouliza kama mwalimu anatafakari kazi yake. Nilimpa alama ya juu, kwa sababu nafasi ilikuwa imejazwa. Nami kwa hiyo niliandika "somo limeeleweka" kwa namna yangu, nikapiga sahihi, nikateremka.

Katika vyuo vyetu tunaifundisha tafakuri kama nguzo ya taaluma. Wanafunzi wetu wanamfahamu John Dewey, aliyeeleza mwanzoni mwa karne ya 20 kwamba kufikiri kwa kweli huanza pale mtu anapokutana na utata unaomzuia kuendelea. Wanamfahamu Donald Schön, ambaye katika kitabu chake cha mwaka 1983 alionesha jinsi mtaalamu hodari anavyojisaili akiwa katikati ya kazi na hata baada ya kazi, kwa kuwa matatizo makubwa ya watu hayatatuliwi kwa kanuni za darasani peke yake. Wanafunzi wanayajibu maswali haya vizuri kwenye mitihani. Tatizo letu liko pengine. Tumeigeuza tafakuri kuwa nafasi ya kujaza, na nafasi ya kujaza haiulizi chochote. Inasubiri wino tu.

Pengine utaona nakuza jambo dogo. Mistari miwili chini ya karatasi ina madhara gani? Naomba tuitazame milima ile ile niliyoipanda siku ile, kwa maana ina kumbukumbu ndefu ya wataalamu walioridhika na kazi yao mapema.

Baada ya Vita Kuu ya Pili, serikali ya kikoloni ya Tanganyika ilianzisha Mpango wa Matumizi ya Ardhi ya Uluguru. Wataalamu wake hawakuwa wajinga, wala hofu yao haikuwa ya kubuni. Udongo ulikuwa unamomonyoka kweli, na mito ya Uluguru ndiyo inayoulisha mto Ruvu, ambao maji yake hunywewa hadi Dar es Salaam. Dawa waliyoiona ni matuta: kila kaya ilitakiwa ichimbe ngazi pana kwenye miteremko, na uchomaji wa mashamba ukadhibitiwa kwa amri. Lakini udongo wenye rutuba katika sehemu nyingi za milima hii ni tabaka jembamba. Ulipochimbwa kwa kina ili kupata ngazi, ule wa chini usio na rutuba ulikuja juu na mazao yakadhoofu. Kazi nayo ilikuwa nzito mno, na iliwaelemea zaidi wanawake, katika jamii ambayo ardhi hurithiwa kwa ukoo wa mama.

Waluguru walisema. Walilalamika, wakakaidi, wakagoma. Wala haikuwa kwamba hawajui kulima mlimani. Upande wa Mgeta wakulima walikuwa na ngazi zao wenyewe, nyepesi zaidi, ambazo huzitengeneza kwa kufukia majani chini ya udongo. Hata hivyo malalamiko yalichukuliwa kuwa ukaidi au uchochezi wa kisiasa. Mwaka 1955 ghasia zilizuka Matombo, polisi wakafyatua risasi, mtu mmoja akauawa. Baada ya hapo ndipo serikali ilipoachana na ulazimishaji ule.

Ninaposoma habari hizi sioni watu wabaya tu. Naona watu waliosoma, wenye nia ya kuokoa milima, ambao kipimo chao cha mafanikio kilikuwa kitu kinachohesabika ukiwa barabarani. Tuta likionekana, kazi imefanyika. Swali ambalo lingewaokoa, na kumwokoa yule marehemu, lilikuwa jepesi: mama huyu aliyechimba tuta, mahindi yake yamekuwaje? Wao waliona tuta kama mimi nilivyoona nafasi iliyojazwa. Daftari la mkulima hawakulichungulia. Mimi nililichungulia nikanyamaza, na sijui ni yupi kati yetu mwenye hatia zaidi.

Jambo hili haliko shuleni tu. Rafiki yangu mmoja ni ofisa ustawi wa jamii. Aliniambia habari ya mtoto wa kiume aliyeokotwa akilala stendi ya Msamvu, akahojiwa, akarudishwa kwa baba yake kijijini. Taarifa iliandikwa, jalada likapigwa mhuri: shauri limefungwa. Haukupita mwezi, rafiki yangu akiwa safarini akamwona mtoto yule yule stendi ile ile, akiuza maji ya chupa. Mtoto alimwamkia kwa adabu, "Shikamoo, mama," kisha akamwambia kwamba siku ile ya mahojiano hakuna aliyemuuliza kwa nini alikimbia nyumbani. Walimuuliza tu nyumbani ni wapi. Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inataka maslahi ya mtoto yatangulie katika kila uamuzi unaomhusu. Ofisi ile haikuivunja sheria hiyo kwa ukatili. Ilikuwa na majalada mengi, na jalada lililofungwa lilihesabiwa kuwa mtoto aliyesaidiwa.

Nafahamu hoja ya walimu na maofisa, na ni hoja nzito. Mwalimu mwenye wanafunzi 90 katika chumba kimoja atatafakari saa ngapi? Ofisa anayehudumia kata kadhaa peke yake, bila usafiri, atarejea majalada yake lini? Atakayewaambia watu hawa kwamba wanachokosa ni moyo wa kujisaili anawaonea. Muda ni rasilimali, na asiyewapa muda asiwadai tafakuri.

Lakini ipo sababu nyingine ambayo hatuitaji hadharani, nayo ni woga. Mwalimu akiandika kwenye andalio lake, "Leo wanafunzi 40 hawakuelewa, na nadhani mfano wangu ulikuwa mbaya," nani atakayeisoma karatasi hiyo? Mwalimu mkuu, mthibiti ubora wa shule, pengine ofisa elimu. Watu hao hao ndio wenye neno kuhusu kupandishwa kwake daraja. Ofisa ustawi anayeandika kwamba alikosea kumrudisha mtoto anajitengenezea ushahidi dhidi yake mwenyewe. Tumejenga utumishi ambamo ukweli ni hatari kwa anayeuandika, kisha tunashangaa kuona maneno yale yale ya faraja kwenye kila karatasi. Wahenga walisema mficha maradhi kilio humuumbua. Wasichotuambia ni kwamba mara nyingi mgonjwa huyaficha maradhi kwa sababu anamjua tabibu wake.

Nchi yetu ina mfano bora wa kukiri kwa maandishi. Mwaka 1977 Mwalimu Nyerere alichapisha tathmini ya miaka kumi ya Azimio la Arusha. Angeweza kuandika kwamba Azimio limeeleweka. Badala yake aliorodhesha mafanikio, kisha akasema wazi kwamba Tanzania ilikuwa bado haijawa nchi ya kijamaa wala ya kujitegemea, akataja na makosa yaliyofanyika. Miaka ya baadaye alikiri pia kwamba kufuta serikali za mitaa na vyama vya ushirika yalikuwa makosa. Mtu anaweza kusema kukiri huko kulichelewa kwa wale walioumia, na atakuwa na haki. Hata hivyo, ikiwa mkuu wa nchi aliweza kuyaandika, sisi tunaogopa nini kuandika kwamba kipindi cha kugawanya hakikwenda vizuri? Jibu ni kwamba yeye hakuwa na mkaguzi juu yake. Kwa hiyo wanaopaswa kuanza ni walio juu.

Ninayopendekeza ni machache. Nafasi ya maoni kwenye andalio la somo ijazwe baada ya kusahihisha madaftari, na ijibu maswali mawili tu: nani hakuelewa, na nimejuaje? Karatasi hiyo isitumike kumpima mwalimu kwa ajili ya cheo. Vikundi vya walimu vinavyokutana shuleni chini ya utaratibu wa MEWAKA vipewe muda halisi ndani ya ratiba, na ajenda ya kwanza iwe somo lililoshindikana, likianza kusimuliwa na mwalimu mwenye uzoefu kuliko wote. Ofisi za ustawi wa jamii zitenganishe msimamizi anayemsaidia ofisa kufikiri na yule anayemwandikia ripoti ya utendaji. Na kabla jalada la mtoto halijafungwa, mtoto mwenyewe aulizwe kwa maneno yake.

Nasi tunaowafundisha hao wote tuanze na fomu zetu. Kipengele kile nimekifuta kwenye ya kwangu. Siku hizi, kipindi kikiisha, ninakaa na mwalimu tarajali chini ya mti au penye kivuli chochote, tukiwa na madaftari matano tuliyoyachukua bila kuchagua, tunayafungua pamoja. Mara nyingi hunyamaza kwanza. Ninamsimulia habari ya binti yule na alama niliyoitoa, na hapo naye huanza kusema.

Yule kijana mtaratibu leo ni mwalimu wa kuajiriwa. Nilimpigia simu kabla ya kuandika makala hii, nikamweleza nilichokiona siku ile na nilichokinyamazia. Alikaa kimya, kisha akaniuliza, "Mwalimu, yule mtoto alikuwa amekaa dawati la ngapi?" Nilimwambia. Akasema anamkumbuka, na kwamba hakuwahi kulifungua daftari lake.