Sterling Hakuumbwa na Guardiola

Makala yenu inadai kwamba mwanasoka Raheem Sterling ni kazi ya mikono ya kocha Pep Guardiola, kiungo wa zamani wa Barcelona na Hispania. Sikubali. Guardiola alifika Manchester City mwaka 2016 akamkuta Sterling pale, amekwisha kununuliwa kutoka Liverpool tangu 2015. Alimnoa, ndiyo, hasa katika umaliziaji. Lakini mtoto huyu wa Kingston, Jamaika, alikulia Neasden, mama akisafisha hoteli, dada akimsindikiza kwa mabasi matatu hadi mazoezini Queens Park Rangers. Kumfuta dada huyo katika simulizi hii ni dhuluma! Na yale mabao mawili ya Oktoba 2018, Hispania ilipolala 3-2 mbele ya England nyumbani Sevilla, aliyafunga chini ya Gareth Southgate, kocha wa England wakati huo.