Mwanga Utibuo na Mwanga Uunguzao

Miongoni mwa dawa ambazo majeshi kadhaa duniani huwapa askari wao ili kuwakinga na malaria imo doksisaiklini. Wengi walioimeza wanajua jambo moja juu yake: akaaye juani kwa muda mrefu huku akiitumia, ngozi yake huungua upesi kuliko ya mwenzake asiyeitumia. Dawa peke yake haikumwunguza, wala jua lile lile halikumdhuru mwenzake kwa kiasi hicho. Vilipokutana viwili hivyo ndipo madhara yalipotokea. Wahenga walisema kinga na kinga ndipo moto uwakapo. Leo twapenda kuwaeleza ndugu zetu wa jeshi na wa polisi jinsi waganga wa macho walivyoigeuza kero hii ikawa tiba, na kwa nini tiba hiyo yawahusu wao hasa.

Elimu yenyewe si ya jana. Mwaka 1900, katika mji wa Munich, Ujerumani, mwanafunzi wa udaktari aitwaye Oscar Raab, aliyekuwa akifanya kazi chini ya Profesa Hermann von Tappeiner, alitangaza matokeo ya majaribio yake. Alikuwa ametia rangi iitwayo akridini katika maji yenye vijidudu vya seli moja, paramesia. Gizani vijidudu viliishi muda mrefu. Penye mwanga vilikufa upesi. Baadaye von Tappeiner na wenzake wakaonyesha kwamba yuko na mshirika wa tatu katika kazi hiyo, nayo ni oksijeni. Dawa ikipigwa na mwanga huichochea oksijeni iliyo karibu nayo, na oksijeni hiyo huharibu chembe zilizo jirani mno, kisha hutulia tena.

Mwaka 1912 daktari mwingine wa Ujerumani, Friedrich Meyer-Betz, alijidunga mwenyewe hematoporfirini kiasi cha miligramu 200 ili ajue itamfanyaje mwanadamu. Alipotoka juani uso wake na mikono vilivimba vibaya, na kwa wiki nyingi mwili wake ukawa mwepesi kudhurika na jua. Twamtaja daktari huyo kwa sababu yaliyompata ndiyo hatari ile ile ambayo mgonjwa wa leo huonywa ajihadhari nayo.

Ilipita miongo mingi kabla ya kupatikana dawa ya namna hii iliyofaa kwa jicho. Huko Vancouver, Kanada, wanasayansi wa Chuo Kikuu cha British Columbia na wa kampuni ya QLT, miongoni mwao Dakta Julia Levy, waliiendeleza vetepofini, iuzwayo kwa jina la Visudyne. Mwaka 2000 mamlaka ya dawa ya Marekani iliiruhusu itumike kutibu ugonjwa wa uzeeni ambao mishipa mipya ya damu, dhaifu na yenye kuvuja, huota chini ya retina. Retina ni ule utando wa nyuma ya jicho upokeao picha ya vitu tuvitazamavyo. Kabla ya hapo madaktari waliichoma mishipa hiyo kwa leza ya joto. Lakini leza ile, ikiunguza mishipa, iliunguza na retina iliyo juu yake, na mgonjwa akabaki na doa la upofu mahali palipochomwa.

Namna ya kutibu kwa vetepofini ni hii. Dawa hukadiriwa kwa ukubwa wa mwili wa mgonjwa, kisha huingizwa polepole katika mshipa wa mkono kwa muda wa dakika 10. Damu huieneza mwilini, nayo hukusanyika zaidi katika mishipa iliyo mibovu. Itimiapo dakika ya 15 tangu ilipoanza kuingizwa, daktari huielekeza leza nyekundu, yenye mawimbi ya nanomita 689, juu ya sehemu yenye ugonjwa tu, kwa sekunde 83. Leza hii haina joto la kuunguza. Kazi yake ni kuiamsha dawa. Pale mwanga ulipoanguka, mishipa huziba na kuacha kuvuja. Kwingineko dawa hupita bila kufanya kitu, maadamu haikufikiwa na mwanga mkali.

Tangu mwaka 2006, ilipoidhinishwa sindano ya jichoni iitwayo ranibizumabu, sindano za namna hiyo zimechukua nafasi ya vetepofini kwa wagonjwa wengi wa uzeeni. Huenda basi msomaji wetu kijana akasema kuwa habari hii ni ya wazee wa Ulaya, haimhusu. Tunamwomba asiharakishe. Upo ugonjwa mwingine wa retina ambao kwa huo tiba ya dawa na mwanga ingali ikitegemewa, nao huwapata wanaume zaidi kuliko wanawake, tena wanaume wa umri wa kazi, aghalabu kati ya miaka 20 na 50 na kitu.

Katika ugonjwa huo maji huvuja kutoka katika tabaka la mishipa ya damu lililo nyuma ya retina, yakajikusanya chini ya retina na kuiinua kama rangi ya ukuta inavyoinuliwa na unyevu. Jicho haliumi wala haliwi jekundu. Mgonjwa huona kivuli katikati ya kile akitazamacho. Mstari ulionyooka huonekana umepinda. Kitu huonekana kidogo kuliko kilivyo, na rangi zake zimefifia. Madaktari wameona kuwa ugonjwa huu una uhusiano na mfadhaiko, na zaidi sana na dawa za jamii ya steroidi, ziwe vidonge, sindano, dawa za kuvuta puani au hata za kupaka. Nani asiyejua kuwa mfadhaiko ni sehemu ya kazi ya lindo na doria? Na nani asiyejua kuwa steroidi huuzwa ovyo madukani, na kwamba zimo katika baadhi ya krimu za kujichubua?

Mara nyingi maji hayo hukauka yenyewe katika muda wa miezi mitatu au minne, hasa mgonjwa akiacha steroidi kwa ushauri wa daktari. Lakini kwa wengine hukaa, au huondoka na kurudi, na kadiri yakaavyo ndivyo retina inavyozidi kudhoofika. Mwaka 2018 yalitangazwa matokeo ya utafiti uitwao PLACE, uliofanywa katika hospitali za Uholanzi, Ujerumani na Uingereza. Wagonjwa wa muda mrefu waligawanywa mafungu mawili: wengine walipewa nusu ya kipimo cha vetepofini pamoja na mwanga, wengine leza ya namna nyingine. Waliopewa vetepofini ndio waliokaukiwa na maji kwa wingi zaidi.

Vijana wanao ugonjwa mwingine pia, ambao konea, yaani kioo cha mbele ya jicho, hukonda na kuchongoka polepole, aghalabu kuanzia umri wa kubalehe. Mwaka 2003 madaktari wa Dresden, Ujerumani, walieleza namna ya kuuzuia. Konea hudondoshewa riboflavini, ambayo ni vitamini ya kawaida, kisha humulikwa kwa mionzi ya urujuanimno. Vitamini na mionzi vikishirikiana huzifunga nyuzi za konea zikashikana na kuwa imara. Kanuni ni ile ile ya Munich, ila safari hii kinachotakiwa ni kukaza, si kuua.

Hata katika maabara kanuni hiyo humdai mtafiti nidhamu. Atakaye kujua dawa ya mwanga yafanya nini huandaa visahani vinne vya chembe hai: cha kwanza hakina dawa wala mwanga, cha pili kina dawa gizani, cha tatu kina mwanga bila dawa, cha nne kina vyote viwili. Akikosa kimoja hawezi kusema kwa hakika ni nini kilichoua. Mwaka 2012 watafiti wa Chuo Kikuu cha Johns Hopkins, Marekani, walitangaza kuwa vetepofini, hata bila kumulikwa, huzuia protini iitwayo YAP isishikamane na mwenzake TEAD, ambazo kwa pamoja huamrisha chembe zikue. Tangu hapo dawa hiyo imekuwa chombo cha utafiti wa saratani katika maabara nyingi. Lakini mtafiti asiyekifunika chombo chake kisipigwe na mwanga aweza kudhani ameona kazi ya dawa gizani, kumbe ni taa ya dari iliyofanya kazi hiyo.

Sasa twafika kwenye neno tulilokusudia. Tiba hizi za jicho zina mpaka wake. Kazi yake kubwa ni kukilinda kilichobaki. Retina iliyokwisha kufa haifufuliwi na leza, na konea iliyokwisha kupata kovu haisafishwi na vitamini. Kwa hiyo thamani ya tiba yote hutegemea siku ambayo mgonjwa alifika kwa daktari. Na hapa ndipo penye udhaifu wetu. Askari aonaye doa katika jicho lake huogopa kusema. Afikiri atanyang'anywa bunduki, atahamishwa kikosi, au jina lake litaondolewa katika orodha ya waendao mafunzoni. Basi hunyamaza, hukisia shabaha, na mwaka hupita.

Liko na jambo la pili ambalo mtu wa silaha apaswa kulijua. Mlenga shabaha hutumia jicho moja. Jicho hilo likipungukiwa atatambua siku ile ile, maana risasi zake zitamshtaki. Lakini jicho la pili laweza kuharibika kimya kimya kwa miezi mingi, kwa kuwa lile zima hulifichia aibu. Kwa hiyo twashauri kila mmoja wenu, walau mara moja kwa mwezi, afunike jicho moja kwa kiganja na kuutazama mstari ulionyooka, kama mwimo wa mlango au misitari ya daftari, kisha abadili jicho. Akiona mstari umepinda, umekatika au una kivuli, asingoje kesho. Aende zahanati ya kambi na aombe kupelekwa kwa daktari wa macho. Na akiwa anatumia steroidi ya namna yo yote, amwambie daktari bila kuficha; lakini vidonge asiviache ghafla kwa shauri lake mwenyewe.

Wala hatudai kwamba tiba ya vetepofini ipo katika kila hospitali. Yahitaji leza yake maalumu, mashine za kupiga picha za ndani ya jicho, na daktari aliyejifunza kazi hiyo. Na dawa yenyewe ilipata uhaba duniani katika miaka ya mwanzo ya 2020. Lakini uchache wa tiba ni sababu ya kuwahi. Daktari aliyekuona mapema hupata nafasi ya kungoja maji yakauke yenyewe, ya kukuachisha dawa inayokudhuru, na ya kukutafutia rufani wakati jicho lingali na kitu cha kuokolewa.

Neno letu la mwisho twalielekeza kwa maafande wenye vyeo. Askari wenu akitoka kutibiwa kwa vetepofini atarudi na maagizo ya kukaa mbali na jua na taa kali kwa siku 5. Maagizo hayo si ya kumdekeza. Dawa ingali ndani ya damu yake, na jua la saa sita mchana, hasa kwetu tuishio karibu na ikweta, laweza kumfanya yale yaliyompata Meyer-Betz. Mafuta ya kujikinga na jua hayamsaidii, kwa sababu kinachoiamsha dawa hii ni pamoja na mwanga uonekanao, ambao mafuta hayo hayauzuii. Akilazimika kutoka, avae mikono mirefu, kofia pana na miwani nyeusi. Wala asifungiwe gizani. Mwanga wa kawaida wa chumbani haumdhuru, bali husaidia kuimaliza dawa iliyo katika ngozi.

Basi katika siku hizo 5 asipangwe kwenye kwata, wala kwenye kuongoza magari njia panda, wala kwenye lindo la geti. Mpeni kazi ya ofisini mbali na dirisha lenye jua. Na zaidi ya yote, askari ajapo kusema kuwa jicho lake lina doa, mpokeeni kama aliyetoa taarifa ya bunduki yenye kasoro. Hakuna kamanda amwadhibuye mtu kwa taarifa ya namna hiyo, kwa maana ajua kuwa bunduki iliyofichwa kasoro yake ndiyo iletayo msiba siku ya haja. Jicho la mlinzi ni amana ya wote walalao usiku yeye akiwa macho, na anayelitangazia ugonjwa wake mapema ametimiza wajibu wake kwao.