Ufunguo Huu Ukipotea, Hakuna wa Kumlilia

Wahenga walinena kuwa akiba haiozi. Ni kweli, haiozi, lakini hupotea! Hebu sikilizeni yaliyotupata sisi nyumbani Ruiru.

Kaka yangu alikuwa na sarafu za kidijitali, zile ziitwazo bitcoin, alizonunua kwa pesa za vibarua. Faili ya mkoba wake ilikuwa ndani ya kompyuta moja kuukuu. Kompyuta ilipoanza kukwama-kwama, akaipeleka kwa fundi mjini Thika. Fundi akafuta diski yote, akaweka programu upya, akalipwa, wakaagana vizuri. Kufika nyumbani, lo! Faili haipo. Nakala je? Hakuwa nayo. Fundi wa watu hakuwa na kosa, kwani hakuambiwa lolote.

Mama akauliza, "Si uwapigie simu wakurudishie?" Jamani, hapo ndipo wengi hukosea. Tangu M-Pesa ianze mwaka wa 2007, tumezoea kwamba laini ikipotea unaenda dukani na kitambulisho, unapewa nyingine, na pesa unazikuta. Bitcoin haina duka wala meneja. Sarafu zenyewe hazikai ndani ya kompyuta. Zimeandikwa katika daftari la wazi lenye nakala katika maelfu ya kompyuta duniani. Faili ya mkoba hubeba ufunguo wa siri. Kaka bado anaziona sarafu zake katika daftari hilo, ila hawezi kuzigusa. Ni kama kuona chakula dirishani na mlango umefungwa.

Wala msidhani ni ushamba wetu. James Howells wa Newport, kule Wales, alipoteza diski yake jaani mwaka wa 2013, ikiwa na ufunguo wa bitcoin zipatazo 8,000. Aliomba ruhusa ya kuchimba jaa hilo, na Januari 2025 mahakama ikaitupilia mbali kesi yake. Hapa kwetu, Oktoba 2025 Rais alitia saini sheria ya kusimamia kampuni za mali za kidijitali. Ni jambo jema, lakini hakuna sheria inayoweza kufufua ufunguo uliopotea.

Kwa maoni yangu, asiyeweza kutunza nakala mbili asinunue hata ya shilingi mia. Ifunge faili kwa nywila, kisha weka nakala katika flashi mbili: moja nyumbani, nyingine kwa nyanya. Mkoba ukikupa maneno 12 au 24 ya siri, yaandike kwa kalamu karatasini. Usiyapige picha, usimtumie mtu yeyote, na anayekuomba uyataje ni mwizi, hata akijiita nani. Jaribu nakala yako mapema uone kama inafunguka. Tena, mwambie mtu mmoja unayemwamini mahali ilipo, maana ukifa na siri yako, jamaa zako hawatarithi kitu.

Kuna watakaosema, "Sisi ni wanafunzi, ya bitcoin yanatuhusu nini?" Nami nawajibu: ni nani nyumbani kwenu anayeitwa kompyuta ikikwama? Si wewe? Basi kabla hujafuta chochote, uliza kwanza, "Kuna mkoba humu?" Laiti mimi ningemuuliza kaka swali hilo asubuhi ile, kabla hajapanda matatu ya kwenda Thika!